Matanga ya Mturuki

Masoudi Ausi alipata habari za msiba kwa sauti yake mwenyewe.

Alikuwa ameketi kwenye mgahawa ulio jirani na stendi ya Nachingwea, mbele yake bakuli la uji, maana siku hizo kila kilichohitaji kutafunwa alikuwa amewaachia wenye meno. Ya kwake ya mbele yalikuwa yamemtoka yote. Asubuhi ile alitoka kwa daktari kupimwa ya bandia, akaambiwa asubiri mpaka yatengenezwe. Televisheni ya mgahawa ilitundikwa juu ya friji la soda, na Masoudi alikuwa ameipa mgongo. Mara akasikia mtu anasema, "Bado nipo, na chai yangu haijapoa." Aligeuka upesi hadi uji ukamwagika. Aliyesema alikuwa yeye. Lakini kwenye kioo alionekana mzee mwingine kabisa, mwenye nyusi nene na skafu shingoni, na chini yake maandishi yalikuwa yanapita: mwigizaji mkongwe wa Uturuki, Rasim Korudag, amefariki dunia mjini Istanbul.

"Jamani, Mzee Hamdi kafa!" akasema mama mwenye mgahawa, upawa mkononi.

Watu waliacha kula. Kijana mmoja wa bodaboda alivua kofia. Kuanzia Nachingwea mpaka Ruangwa hapakuwa na nyumba yenye televisheni isiyomjua Mzee Hamdi, babu wa tamthilia ya Kituruki, mwenye duka la mazulia. Kila wanawe walipodhani wamemmaliza na kukaa kikao cha kugawana nyumba, yeye alitokea mlangoni na kikombe chake na kusema maneno yale yale. Watoto wa shule waliyasema wakiamshwa asubuhi. Wazee waliyasema wakitoka hospitali. Na Kiswahili chote cha Mzee Hamdi, kila neno na kila kikohozi, kilitoka kwenye koo la Masoudi Ausi wa Likunja, huyu aliyekuwa anafuta uji kwenye shati.

Alifungua kinywa aseme, "Sauti hiyo ni yangu," kisha akakifunga. Alikwisha kuyasema hayo kijijini mara baada ya kurudi kutoka Dar es Salaam, na jibu alilopewa hakulisahau: "Kama ndiye wewe, mbona Mzee Hamdi ana meno?" Walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Tangu siku hiyo Masoudi aliapa kwamba sauti ile hatamtolea mtu yeyote, hata aombwe kwa magoti.

Alitoka nje, akampigia simu Hajra. Hajra ndiye aliyekuwa akitafsiri tamthilia ile, binti aliyesoma Uturuki na kurudi na lugha yao kichwani.

"Baba Masoudi, umesikia?"

"Nimesikia. Nimejisikia mwenyewe."

"Pole sana, baba."

"Pole na wewe, mwanangu. Wewe ndiye uliyekuwa unanipa maneno."

"Baba, unazikumbuka salamu zake?"

"Ningezisahauje? Natafuta usafiri wa kwenda nyumbani sasa hivi."

Ni vizuri ijulikane marehemu alikuwa mtu wa namna gani, maana Likunja nzima ilimjua Hamdi na haikumjua Rasim. Masoudi alimjua, kwa kusimuliwa na Hajra. Rasim Korudag alizaliwa kwenye mji mdogo wa kaskazini ya Uturuki, mtoto wa mwoka mikate. Akiwa kijana alikwenda Istanbul kubeba magunia ya unga, na jirani na ghala lile palikuwa na watu wa filamu. Siku moja walikosa mtu wa kuanguka kutoka juu ya farasi. Rasim akaweka gunia chini, akapanda, akaanguka. Wakamwambia aanguke tena. Kwa miaka mingi kazi yake ikawa hiyo, kuanguka. Baadaye waliziona nyusi zake, wakampa ujambazi. Alipigwa risasi, akachomwa visu, akasukumwa majabalini, na filamu zikaisha kwa watu kushangilia kifo chake. Mitaani wanawake walimtemea mate. Bibi mmoja alimpiga kwa kiatu sokoni, na Rasim alikitunza kiatu hicho nyumbani kwake, akisema ndiyo tuzo pekee aliyopewa na mtu asiyempendelea.

Kisha wanajeshi walichukua nchi. Walimletea karatasi asome redioni, awataje waigizaji wenzake kuwa ni wasaliti. Rasim aliwaambia yeye ni jambazi wa filamu tu, ujambazi wa kweli hauwezi. Wakamfungia kazi. Akauza chai gatini, sinia mkononi, na wasanii aliokula nao walipita wakitazama pembeni. Nywele zilikuwa zimekwisha kuwa nyeupe alipoitwa tena, safari hii awe babu. Watayarishaji walipomwona anaanza kuugua wakataka Mzee Hamdi afe, hadithi iendelee na vijana. Rasim alikataa katakata. "Nimekufa mara nyingi kwa faida ya wengine," aliwaambia. "Safari hii mkitaka nife, subirini nife kweli." Basi wakasubiri. Aliigiza akiwa na mpira wa hewa puani, ukifichwa na skafu kila kamera ilipowaka.

Masoudi alijua kuwa Rasim anaumwa kabla magazeti hayajajua. Kazi ya kumwingizia mtu sauti ni kazi ya kuvuta pumzi naye. Rasim alikuwa na kawaida ya kuinua unyusi wa kushoto kabla hajasema, na Masoudi akiuona unyusi tu, mapafu yake yalijaa yenyewe. Kisha pumzi za mwenzake zikaanza kuwa fupi, ikabidi Hajra azikate sentensi ziutoshe mdomo. Masoudi alitoka studio siku hiyo akilia, na mafundi mitambo wakadhani amefiwa.

Naye alikuwa na historia yake ya kukataliwa. Aliondoka Likunja kijana, jicho moja likiwa na kengeza, akiwa na sauti nzito iliyowafanya watu wageuke. Watu wa michezo ya kuigiza Dar es Salaam waliitaka sauti, uso wakaukataa. Basi maisha yake yote aliyaishi nyuma ya kioo cha studio, akiwa mchawi wa redioni, mwizi wa redioni, baba wa kambo wa redioni. Jina lake halikutajwa mahali popote. Kaka yake Ramadhani, aliyebaki kulima korosho na ufuta, aliiita kazi hiyo kusemea watu, na alipoulizwa mdogo wake yuko wapi alijibu kwamba yuko mjini anatafuta maisha. Meno yalipoanza kutoka, sauti ikawa inavuja. Studio walimshukuru kwa maneno matamu, wakamchukua kijana kwa tamthilia mpya.

Zile salamu ndizo zilizompa Masoudi haki ya kulia. Hajra aliwahi kupelekwa Istanbul na waajiri wake, akamwonyesha Rasim kwenye simu kipande cha tamthilia. Mzee wa watu alijisikiliza anaongea Kiswahili, akacheka hadi akakohoa. Akauliza, ni nani huyu anayekohoa vizuri kuliko mimi? Akaambiwa ni mzee wa mahali panapoitwa Likunja. Akauliza, Likunja wanakunywa chai? Akaambiwa wanakunywa. Ndipo akamrekodia ujumbe: "Ndugu yangu wa Likunja, mimi natoa mwili, wewe unatoa sauti. Mmoja wetu akitangulia, atakayebaki awanyweshe watu chai." Masoudi alijibu kwa simu ile ile: "Nimekubali." Hakujua wakati huo kwamba neno hilo litamgombanisha na ukoo mzima.

Alifika Likunja jua likiwa bado kali. Alinunua majani ya chai na sukari, akaazima sufuria kubwa ya shughuli, akawasha moto mbele ya chumba chake katika uwanja wa familia. Akatandika jamvi, akavaa kanzu na kofia, akakaa kimya, kama afanyavyo mfiwa yeyote.

Ramadhani alitoka nyumba kubwa, akalitazama jamvi, akaitazama sufuria.

"Umefiwa na nani?"

"Na Rasim."

"Rasim wa wapi?"

"Wa Istanbul."

"Masoudi, mdogo wangu, usinichezee mimi. Jamvi la matanga halitandikwi bila maiti. Unamwita nani hapa? Unataka uwanja huu utoe maiti ya kweli?"

"Maiti ipo. Iko Uturuki."

"Basi matanga yakae huko huko! Mtu mwenyewe alikuwa anakujua?"

"Alinijua."

"Alikuona lini?"

"Wewe umeniona miaka yote hii, kaka. Umenijua?"

Ramadhani hakuwa mtu wa kujibiwa. Alikwenda kwa shehe wa msikiti kumshitaki, na shehe akasema dua kwa Muislamu aliyekufa haina mpaka, chai nayo haina ubaya, ila mambo ya jamvi wayamalize wenyewe ndugu kwa ndugu. Jibu hilo halikumsaidia Ramadhani, likamzidishia hasira. Akarudi, akasimama mbele ya mdogo wake, akasema kwa sauti ya kusikiwa na majirani:

"Haya. Kaa. Lakini siku yako ikifika, usinitegemee. Mimi sitakuja, na watoto wangu hawatakuja. Uzikwe na hao hao Waturuki."

Hilo lilimuuma Masoudi. Mkewe alikwisha kufa, mtoto hakujaliwa, na hofu yake kubwa katika uzee wake ilikuwa hiyo hiyo: kwamba siku akifa, jamvi litatandikwa na watu hawatakuja. "Sawa," akasema. "Chai ipo, ukihitaji."

Siku ya kwanza alikuja mtu mmoja tu, shemeji yake Mwamini, mke wa Ramadhani. Alijifunika kanga, akanyoosha miguu kwenye jamvi, akanywa nusu kikombe. "Pole, shemeji," akasema. "Mimi yule mzee nilimpenda. Siku wanawe walipomfungia nje na mvua inanyesha, sikula." Kabla hajamaliza kikombe, Ramadhani alimwita kutoka ndani, akaenda. Majirani walichungulia kwa mbali. Walimwogopa Ramadhani, na wengine walikwisha kuamua kwamba mjini kumemharibu Masoudi akili.

Siku ya pili walikuja vijana, lakini kwa kucheka. "Mzee unazingua, msiba wa tamthilia! Kesho utatandika na wa katuni?" Mmoja alimpiga picha kwa simu. Masoudi aliwakaribisha chai kwa adabu zote, wakaondoka bila kugusa kikombe. Chai ilipopoa aliimwaga, akachemsha nyingine. Jioni akamwaga, akachemsha tena. Sukari ilikuwa inakwisha, ubishi haujakwisha. Mtu mzima aliyeanguka kutoka kwenye farasi ujana wake wote akose watu wa kumnywea vikombe viwili vitatu vya chai hapa Likunja? Masoudi alisema hayo kwa sauti, peke yake, na kuku wakamsikiliza.

Siku ya tatu, siku ya kuvunja matanga, Ramadhani alikuja kuvunja kweli. Hakusalimu. Aliinama, akashika ncha ya jamvi, akaanza kulikunja.

"Inuka."

"Siinuki."

"Masoudi, inuka nisije nikakubiringisha ndani yake."

"Biringisha. Utakuwa umepata maiti uliyokuwa unaitaka."

Wazee wawili wenye mvi, mmoja anavuta jamvi na mwingine amelikalia, wote wanahema. Masoudi alisikia aibu, na juu ya aibu akasikia hasira, na hakuachia. Hapo ndipo kilio kikubwa kiliposikika kutoka barabarani.

"Nani kaniua? Nani kaniua bila kuniuliza?"

Aliyekuja alikuwa Amedeus, mwalimu wa kwaya wa parokia, na nyuma yake kundi la watu lililokuwa linatoka uwanjani kutazama mpira. Amejivika blanketi kama koti la baridi, kanga ya mkewe ameizungusha shingoni iwe skafu, na juu ya macho amebandika pamba kwa ugali, nyusi nene zisizo na mfano. Mkononi ana kikombe kitupu.

Ukoo wa Amedeus na ukoo wa Masoudi ni watani tangu enzi za mababu, kabla huyu hajapata msalaba na yule hajapata kofia. Na kazi ya mtani msibani kila mtu wa Ruangwa anaijua: anamwiga marehemu, anavaa nguo zake, anamsema mabaya yake yote, anawazuia wafiwa wasizame kwenye majonzi. Hafukuzwi wala hakasirikiwi. Baba yao Ramadhani na Masoudi alipokufa, baba yake Amedeus aliingia kaburini kabla ya maiti, akalala humo, akakataa kutoka mpaka Ramadhani alipompigia magoti. Na kuna jambo jingine linalojulikana. Mtani hafanyi utani wa msiba pasipo na msiba. Akishaingia yeye, matanga ni matanga.

Ramadhani alilijua hilo kuliko wote. Mkono wake ulilegea kwenye jamvi.

"Nimegeuka kidogo tu nivute pumzi," Amedeus alilalamika, akizunguka sufuria, "nakuta Wamwera wa Likunja wananinywea chai yangu! Na huyu kaka mtu anakunja jamvi langu, anataka nilale wapi? Nimetembea kwa miguu kutoka Uturuki, hata maji sijapewa!"

Watu walianza kucheka. Wale vijana wa jana nao walikuwemo.

"Nawaambia ukweli, marehemu alikuwa mtu mbaya. Nina hakika kwa sababu marehemu ni mimi. Nilikuwa na nyusi za kufagilia uwanja. Nilikuwa mbishi, niliambiwa nife nikakataa. Lakini dhambi yangu kubwa haikuwa hiyo." Alishusha sauti, na watu wakasogea. "Niliazima sauti ya mtu wa hapa Likunja. Nimekufa nayo. Sijairudisha!"

Kicheko kilipungua. Amedeus alijitupa kwenye jamvi, akajinyoosha, akakunja mikono kifuani.

"Sizikwi," akasema macho yakiwa yamefumbwa. "Mpaka mwenye sauti aje aichukue."

"Amedeus, amka," Ramadhani alinong'ona. "Usitutie aibu."

"Maiti haiamrishwi na mfiwa aliyenuna."

Hapo watu waliangua kicheko, hata Mwamini aliyekuwa amesimama mlangoni akajifunika uso kwa kanga. Masoudi hakucheka. Alikuwa amemwelewa mtani wake. Amedeus alikuwa amemfungulia mlango, amejilaza kizingitini ili mtu asiufunge, na sasa anasubiri. Masoudi alikumbuka kiapo chake. Akayakumbuka meno yaliyokuwa bado yanatengenezwa Nachingwea, na kile kicheko cha zamani, na akaogopa kwelikweli. Sauti ikivuja mbele ya watu wote hawa, itakuwa ndiyo kazi yake ya maisha hiyo, kichekesho. Kisha akamwona Rasim na sinia lake gatini, na wenzake wanatazama pembeni. Hasira ikamrudia, na hasira hiyo ilimfaa.

Aliinua unyusi wa kushoto. Mapafu yakajaa yenyewe.

"Bado nipo," akasema Masoudi Ausi, "na chai yangu haijapoa."

Ilivuja. Hewa ilipita penye pengo na kupiga mluzi mdogo. Lakini chini ya mluzi ule palikuwa na Mzee Hamdi mzima. Mama mmoja mwenye mtoto mgongoni aliweka mkono mdomoni. Masoudi hakuishia hapo. Alisema yale ambayo hayakuwahi kuingizwa kwenye tamthilia yoyote, maneno ya Rasim mwenyewe, kwa sauti ambayo Rasim aliichekea hadi akakohoa:

"Nimekufa mara nyingi kwa faida ya wengine. Safari hii mkitaka nife, subirini nife kweli."

"Ndiye!" mama yule akapiga kelele. "Jamani, ndiye yeye! Tulikuwa naye hapa hapa!"

"Na meno je?" kijana mmoja akauliza, lakini safari hii kwa unyonge.

"Sauti nimerudisha," Amedeus akajibu kutoka chini, bila kufumbua macho. "Meno ndiyo nimezikwa nayo."

Watu walicheka na wengine wakalia, na wengine wakafanya yote mawili, kama inavyotakiwa kwenye matanga. Amedeus alifufuka, akadai chai yake. Shehe alitokea, labda aliitwa na watu, labda aliitwa na kelele, akamsomea dua Rasim mtoto wa mwoka mikate, na jina hilo likatamkwa hadharani Likunja kwa mara ya kwanza. Vikombe havikutosha, wakanywa kwa zamu. Yule kijana wa picha alikunywa viwili, akauliza kwa heshima kama babu anaweza kusema tena. Masoudi akamwambia asubiri zamu yake kama wengine.

Ramadhani alikuwa amebaki amesimama pale pale, ncha ya jamvi miguuni pake. Mwisho alivua ndara zake, akakaa pembeni kabisa, mahali mtu anapokaa akitaka isemwe kwamba hakukaa. Masoudi alimpelekea kikombe mwenyewe. Kaka mtu alionja.

"Mbona hukuniambia," akasema akitazama kikombe, "kwamba ndiyo sauti ile?"

"Nilikuambia. Uliiita kusemea watu."

Ramadhani alikunywa tena. Alikohoa. "Lile neno nililosema," akaanza, "kwamba siku yako ikifika..."

Masoudi aliinua unyusi wa kushoto.

"Siku yangu, kaka, isubirini."

Akainuka kwenda kuongeza maji kwenye sufuria, maana barabarani watu walikuwa bado wanakuja.